Uma na Mume Wake Mti

Wengi wanamjua Aparna Sen kama mwigizaji, yule binti aliyeonekana katika Teen Kanya ya Satyajit Ray mwaka 1961. Wanaomjua kama mwongozaji hukimbilia 36 Chowringhee Lane, au Mr. and Mrs. Iyer. Filamu yake ya Kibengali iitwayo Sati, ya mwaka 1989, huachwa pembeni, ilhali kwangu ndiyo yenye neno zito zaidi kwa wanaoamini kwamba sheria ikishatungwa kazi imekwisha.

Hadithi inatokea Bengal mwaka 1828, mwaka mmoja kabla ya Gavana Mkuu Bentinck kupiga marufuku sati, desturi ya mjane kuchomwa hai pamoja na maiti ya mumewe. Uma, anayeigizwa na Shabana Azmi, ni yatima bubu wa tabaka la Brahmin. Nyota yake imetabiri ujane. Nani atamwoa? Ufumbuzi unapatikana: anaozwa kwa mti. Heshima ya ukoo imesitiriwa, naye amepata mume asiyeweza kufa wala kumtetea. Hata kama marufuku ya Bentinck ingewahi, ingemfaa nini? Ilikataza moto, na hapa hakuna aliyewasha moto.

Tukumbuke wakati filamu ilipotoka. Septemba 1987, kijijini Deorala, Rajasthan, Roop Kanwar, mwenye umri wa miaka 18, aliteketea katika moto uliochoma maiti ya mumewe. India ikatunga haraka sheria nyingine dhidi ya jambo lililokwisha kukatazwa tangu 1829. Watu wakabishana: alipanda mwenyewe au alilazimishwa? Sen akachagua kutuonyesha mwanamke ambaye swali hilo halimhusu kabisa, kwa kuwa tangu mwanzo hakuna aliyemuuliza chochote.

Wapo watakaosema ububu wa Uma ni ishara iliyo wazi mno. Labda. Kinachonikera mimi, ninayekula mshahara wa kufundisha, ni kwamba anayempa mimba ni mwalimu wa kijiji. Ndiye msomi wao. Uma anatengwa, dhoruba inamkuta nje chini ya mti wake, anakufa. Yeye hakuweza kumtaja mtu. Mwalimu ana ulimi mzima, na ananyamaza.