Mikanda ya Oktoba 1999

Tangu Rais Mkapa atangaze kifo cha Mwalimu Nyerere, Oktoba 14, 1999, simu ya maktaba yetu ya filamu jijini Dar es Salaam haikutulia. Waliopiga walikuwa watayarishaji wa vipindi, wa hapa na wa ng'ambo, na karibu wote walitaka yaleyale: Uhuru wa 1961, udongo wa Tanganyika na Zanzibar ukichanganywa 1964, Azimio la Arusha 1967, vita vya Kagera. Tena wayapate kabla ya mazishi ya Butiama, tarehe 23.

Wengi hawakujua walichokuwa wakiomba. Tanzania Bara haikuwa na televisheni hadi 1994. Zanzibar walikuwa nayo tangu miaka ya sabini, tena ya rangi, lakini huku kwetu miongo mitatu ya mwanzo ya nchi ilikaa kwenye filamu za milimita 16, kama zile zilizozungushwa vijijini na magari ya sinema. Dakika moja yake ni futi 36. Kopo la futi 400 ni dakika 11 tu.

Tulifungua makopo mchana na usiku. Kila lilipofunguka, pua ilitangulia kujua: harufu kali ya siki ni dalili kwamba filamu imeanza kuoza. Asetati ikikaa kwenye joto na unyevu wa pwani hutoa tindikali, na tindikali hiyo huzidi kuiozesha. Mkanda hunywea na kujikunja, hata matundu ya pembeni yasikubali tena meno ya projekta. Ya namna hiyo tuliipitisha kwa mkono juu ya meza yenye taa, tumevaa glavu za pamba, kisha tukaitenga na mizima isije ikaiambukiza.

Lakini kazi iliyonikosesha usingizi ilikuwa kujua mkanda ni wa lini. Kadi nyingi zilikuwa na maneno mawili matatu: "Mkutano wa hadhara", "Mwalimu na wananchi". Mzee aliyenifundisha kazi hakuwahi kuikubali kadi kabla ya kuuhoji mkanda wenyewe. Kodak walichapa alama ndogo pembeni mwa filamu, maduara, miraba na pembetatu, kuonyesha mwaka ilipotengenezwa. Ila alama hizo zilijirudia kila baada ya miaka 20, hivyo za 1947 ndizo za 1967. Tena filamu yaweza kulala stoo muda mrefu kabla ya kutiwa kwenye kamera. Basi Mzee alihamia kwenye picha. Bendera ya CCM ikionekana, ni baada ya Februari 1977. Alisoma mabango, aina za magari, majengo yaliyokwisha kujengwa nyuma ya umati, hata maandishi ya kanga za akina mama.

Mtayarishaji mmoja wa ng'ambo alitaka umati wa Uhuru. Nikampa tuliokuwa nao, mfupi na wenye giza. Jicho lake likaangukia mkanda mwingine, wa mchana, watu wamefurika, vigelegele tele. Nikamwambia huo ni wa miaka ya sabini. Akajibu kwamba mtazamaji hatajua. Nilikataa kumpa. Watu wale walisimama juani kwa jambo lao na mwaka wao. Kuwahamishia 1961 ni kuwanyang'anya siku yao, na mtoto atakayekiona kipindi ataapa kuwa ameiona Desemba 9.

"Umefanya vyema, mwanangu," Mzee aliniambia. "Sasa mwandikie barua yenye mwaka, asije akasema hakuambiwa."

Kipindi kimoja cha wiki ile ya msiba kilitumia sekunde chache za mkanda wetu wa wapiga ngoma wakimlaki Mwalimu stesheni. Kadi yake ilisema "Mapokezi", basi. Siku chache baadaye akaja mama mmoja kutoka Temeke. Alimwamkia Mzee, akaketi, akaeleza kwamba yule mwenye ngoma ndefu ni marehemu baba yake.

Nilimrudishia mkanda mara kadhaa. Akaitaja stesheni, moja ya zile za Reli ya Kati. Akautaja mwaka, maana mdogo wake alizaliwa mwezi uleule. Kisha akaanza kuwataja wapigaji, mmoja baada ya mwingine, na ukoo wa kila mmoja. Mzee alitazama alama za pembeni, akaridhika, akaniagiza nilete kadi mpya, kwa sababu ile ya zamani isingetosha majina yote.