Macho Mekundu ya Bibi

Nyandira, katika Mgeta, ni mahali pa baridi. Viazi na kabichi hulimwa katika miteremko mikali, na ukungu ukishuka jioni kila mtu hukimbilia jikoni. Humo mwanamke mzee huwa amekaa mbele ya mafiga kwa miaka hamsini au zaidi, akipuliza kuni mbichi, na ujira wa moshi ni wekundu wa macho. Hapana asiyejua jambo hilo. Hata hivyo, jioni moja mtoto aliyetoka kutazama filamu katika televisheni ya dukani alimkazia bibi yake macho, akauliza, "Bibi, mbona macho yako kama ya yule mchawi?"

"Ni moshi, mjukuu wangu," alijibu bibi, akaendelea kuchochea.

Usiku ule mtoto alikataa kulala naye.

Swali lile halikuzuka bure. Filamu nyingi za Kitanzania zilizouzwa tangu miaka ya 2000 zilimpa mwanamke mzee kazi mbili: kuroga, ama kumtesa mke wa mwanawe. Si mchezo mtupu. Shinyanga na Mwanza, wanawake wazee wengi wamekatwa mapanga kwa tuhuma za uchawi, na macho mekundu yalihesabiwa kuwa ushahidi. Uluguruni jambo hili lina uchungu wa namna yake, maana kwa desturi ya Waluguru mtu ni wa ukoo wa mama yake, na ardhi ya ukoo hufuata njia hiyo hiyo. Bibi ndiye shina. Skrini humfanya mwiba.

Filamu ya Maangamizi, ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, iliyopelekwa na Tanzania katika mashindano ya Oscar mwaka 2001, ilimpa mwanamke mzee heshima nyingine. Ndani yake Amandina Lihamba ni Samehe, mgonjwa asiyesema, na mlinzi wake ni bibi wa kale anayewadai wanawake wawakumbuke wahenga wao. Ni heshima kubwa. Lakini bibi huyo ni mzimu, wala hauzi kabichi.

Jioni ya pili bibi wa Nyandira alikwenda dukani mwenyewe, akaketi mbele. Mchawi alipotokea na chungu chake, bibi alicheka mpaka akashika mbavu.

"Tazameni," alisema, "moto umezimika, na chungu kingali kinatokota!"

Mjukuu akasogea, akaketi karibu naye.