MUUGUZI NA HAKI ZAKE (Sehemu ya 6): Ukifukuzwa kazi, Mahakama Kuu inaangalia nini?

Tangu niandike kuhusu barua za onyo, meseji zimekuwa nyingi, na karibu zote zinauliza kitu kimoja: "Nimefukuzwa, naweza kwenda mahakamani?"

Unaweza. Ila kuna ngazi za kupanda kwanza, na kila ngazi ina siku zake. Mimi ni muuguzi, siyo wakili, kwa hiyo nitaeleza kwa yaliyomkuta mwenzangu wa wodi ya wazazi.

Mama yake aliugua ghafla. Akampigia simu msimamizi wa wodi, akaambiwa nenda. Akakaa huko siku tisa. Kurudi, anakuta kaandikwa mtoro. Na mnajua kanuni za utumishi zinavyosema: kutokuwepo kazini zaidi ya siku 5 bila ruhusa wala sababu ya msingi, adhabu yake inaweza kuwa kufukuzwa. Baada ya miezi miwili barua ikatoka. Hati ya mashtaka hakuiona, kamati ya uchunguzi hakuitwa.

Akakimbilia CMA, kama ambavyo wengi wetu tungefanya. Wakamrudisha. Kwa nini? Mwaka 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma iliongezewa kifungu cha 32A: mtumishi wa umma lazima kwanza amalize njia zilizomo ndani ya sheria hiyo. Njia zenyewe ni hizi. Unakata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 45 tangu upokee barua. Usiporidhika, unakata rufaa kwa Rais. Uamuzi wa Rais ndio mwisho wa rufaa.

Kote huko alishindwa. Ndipo akaenda Mahakama Kuu kuomba mapitio.

Hapa naomba mnisikilize vizuri, maana ndipo wengi tunapochanganya. Mapitio siyo rufaa. Jaji haulizi kama wewe ni muuguzi mzuri, wala hapimi kama yeye angekufukuza au angekuonya tu. Anaangalia uamuzi ulivyofikiwa: Aliyeamua alikuwa na mamlaka? Alifuata utaratibu? Alikusikiliza? Haki ya kusikilizwa iko kwenye Katiba yetu, ibara ya 13(6)(a), siyo hisani ya mkurugenzi.

Unaanza kwa kuomba kibali ndani ya miezi 6 tangu uamuzi utolewe. Ukikipata, una siku 14 za kupeleka maombi yenyewe. Ukishinda, mahakama inaweza kutengua uamuzi, kuzuia jambo lisifanyike, au kumwamuru mwenye mamlaka atimize wajibu wake.

Mwenzangu alishinda, uamuzi ukatenguliwa. Sisi wodini tukapiga vigelegele. Kumbe bado! Mwajiri akaanza upya: hati ya mashtaka, utetezi wa maandishi, kamati. Jaji hakuwa amesema huyu dada siyo mtoro, alisema tu kwamba hakusikilizwa. Safari hii msimamizi wa wodi aliitwa, akaulizwa kuhusu ile simu, akasema kweli alimruhusu. Shauri likaisha hapo. Swali la dakika tano, lililochukua miaka minne kuulizwa. Katikati ya hiyo miaka mama yake alifariki, na watoto waliacha shule ya bweni.

Kilichomfikisha huko kote ni bahasha moja ya kaki. Barua zote alizituma kwa nakala, akagongewa mhuri wa kupokelewa na tarehe. Bila hiyo bahasha, hata zile siku 45 asingeweza kuthibitisha.

Chuoni tulifundishwa kwamba kisichoandikwa hakikufanyika. Kwa mgonjwa tunaandika hadi mkojo mililita ngapi. Kwetu wenyewe tunaomba ruhusa kwa mdomo! Jamani.

Kwa hiyo kuanzia zamu ya leo:

– Umeruhusiwa kwa simu? Tuma na ujumbe wa maandishi siku hiyohiyo, uutunze.
– ED yako, toa nakala kabla hujaikabidhi.
– Barua yoyote ya utumishi, andika tarehe uliyoipokea mbele ya aliyekupa.
– Ukipewa hati ya mashtaka, ijibu kwa maandishi ndani ya muda uliotajwa, hata kama tuhuma ni za kuchekesha.
– Chama chako cha wafanyakazi kiambie mapema, usisubiri barua ya mwisho.

Mtumie na mwenzako wa zahanati ya kijijini, aliyeko peke yake. Sehemu ya 7 nitaandika kuhusu uhamisho wa ghafla na posho zake. Zamu njema.