Nakala Moja, Watoto Wawili

Vipo vitu vya nyumbani vilivyoumbwa kwa ajili ya wengi, na wala havijui kuuliza watumiaji ni wangapi. Sinia la wali ni kimojawapo. Akiingia mtu wakati chakula kimekwisha kupakuliwa, hakuna anayerudi jikoni kupiga hesabu. Waliokaa husogea, mikono huongezeka, na sinia ni lile lile. Bao nalo ni hivyo hivyo. Ubao ni mmoja, na mwenye nao akibaki peke yake hana mchezo, ana ubao tu. Hata redio ya sebuleni haikupata kumwuliza msikilizaji kama yeye ndiye aliyeinunua.

Katika zama zetu hizi, hata hivyo, vimeingia majumbani vitu vya namna nyingine. Vinanunuliwa kwa fedha halali, vinakaa ndani ya nyumba, na bado vinamtambua mtu mmoja tu. Michezo ya kompyuta ni miongoni mwa vitu hivyo. Ndugu msomaji, napenda leo nizungumze nawe juu ya mchezo mmoja wa aina hiyo, kwa kuwa nyumbani kwangu ulileta swali kubwa kuliko mchezo wenyewe.

Kwetu Tabata tunao watoto wawili. Binti yangu ana miaka 11. Wa pili ni kijana wa miaka 13, mtoto wa marehemu kaka yangu, aliyekuja kwetu kutoka Singida baada ya msiba. Siku alipofika, mume wangu alimwambia mbele yetu sote kwamba hapa si ugenini, hapa ni kwake. Maneno yale tuliyasema kwa dhati. Lakini mtoto aliyefiwa na baba yake hapimi mapenzi kwa maneno. Huyapima kwa mambo madogo: nani anaulizwa kwanza, nani anapewa kikombe chenye ufa, nani anaomba ruhusa kabla ya kufungua kabati. Kwa miezi mingi kijana yule aliomba ruhusa ya kila kitu. Aliomba hata maji ya kunywa.

Mwaka mmoja kabla ya kuja kwake tulikuwa tumemnunulia binti yetu mchezo uitwao Minecraft. Mchezo huo ulianza kuonekana hadharani mwaka 2009, kazi ya Markus Persson wa Sweden, na ulikamilika mwaka 2011. Mwaka 2014 kampuni ya Microsoft iliinunua kampuni iliyoutengeneza, Mojang, kwa dola bilioni 2.5 za Marekani, na kufikia mwaka 2023 nakala zaidi ya milioni 300 zilikuwa zimekwisha kuuzwa. Sehemu yake inayopendwa sana ni ile ya kunusurika. Mchezaji hutupwa mikono mitupu katika pori asilolijua. Siku nzima ya huko, mchana na usiku, ni dakika 20 za saa zetu, na giza linapoingia hutoka viumbe wabaya. Kabla jua halijatua yampasa awe amekata miti, ametengeneza zana na kujijengea kibanda. Tena huona njaa, na njaa ile haidanganywi: lazima awinde au alime.

Raha ya mchezo wa namna hii hukamilika wanapoucheza watu wawili au zaidi kwa mtandao wa ndani. Mtandao wa ndani si intaneti. Ni kompyuta mbili tatu zilizounganishwa na kisanduku kimoja, yaani ruta, kwa waya au kwa mawimbi, zikawa zinazungumza zenyewe kwa zenyewe humo humo nyumbani. Mmoja hufungua ulimwengu wake, wengine hubisha hodi na kuingia. Huyu achimbe mawe, yule alime ngano, na usiku wakae nyumba moja.

Kompyuta tulikuwa nazo mbili: ya mezani, ambayo ni ya watoto, na kompyuta mpakato yangu ya kazi, ambayo jioni hupumzika. Ruta ilikuwapo. Kilichopungua ni nakala. Minecraft ya kompyuta huuzwa kwa akaunti, na akaunti ni ya mtu mmoja mwenye jina. Programu yenyewe waweza kuiweka katika kompyuta zote mbili. Ila jina moja haliwezi kuwa na miili miwili katika ulimwengu mmoja. Masharti hayo yameandikwa wazi, wala hatukudanganywa na mtu.

Basi tukaanza kwa zamu. Saa ya ukutani ikawa hakimu: dakika 40 huyu, dakika 40 yule. Kwa mchezo wa kushindana, zamu hutosha. Kwa mchezo wa kunusurika haitoshi, kwa sababu watu wawili wanaishi katika mwili mmoja. Kijana aliweka akiba ya makaa ya mawe, binti akaitumia. Binti alijaza mzigo wa chuma, kijana akafa nao shimoni. Lakini lililonigusa mimi halikuwa ugomvi wao. Kijana alijenga nyumba ya mawe, yenye ghala kwa nyuma kama ile ya babu yake, akaizungushia ua. Ilikuwa nyumba nzuri, nayo ilisimama kwa jina la mwingine, kwa kuwa kila alipocheza, jina lililoandikwa lilikuwa la binti yangu. Jioni moja, saa ilipofika zamu yake, alisema kwa upole mno: "Shangazi, mwache mwenyewe aendelee. Mimi nitatazama tu."

Neno lile "mwenyewe" lilinikaa moyoni. Mtoto hakuwa amenuna, wala hakulalamika. Alikuwa amesoma mpangilio wa nyumba kama alivyouona, akaueleza kwa neno moja.

Fundi mmoja wa Kariakoo, niliyempelekea kompyuta kwa matengenezo, alinipa dawa ya haraka: nakala iliyovunjwa kufuli, isiyouliza akaunti. Unaandika jina lolote ulitakalo, unaingia. Nilikataa, na sababu zangu zilikuwa mbili. Ya kwanza ni ile ijulikanayo na wote. Sheria yetu ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazilinda programu za kompyuta kama inavyolinda vitabu, na sisi tunaokula kwa kalamu hatuwezi kuwalilia wanamuziki wetu walionakiliwa kanda zao mitaani, kisha jioni tukaingia nyumbani na kunakili jasho la wengine. Sababu ya pili ilikuwa ya ndani zaidi. Binti angekuwa na mchezo wa dukani, na mtoto wa kaka yangu angekuwa na wa wizi. Tofauti niliyotaka kuifuta ingeandikwa upya kwa wino mzito zaidi.

Kununua nakala ya pili kulihitaji dola 30 hivi za Marekani, na mwezi ulikuwa Januari. Mzazi wa mjini hahitaji kuelezwa Januari ni nini. Sare na madaftari vilikuwa vimekwisha kupita mbele.

Katika kutafuta njia nilijifunza jambo ambalo wazazi wengi hawalijui: kwamba suala la nakala moja kwa watu wengi limeamuliwa kwa namna mbalimbali. Mchezo wa StarCraft wa mwaka 1998 ulimruhusu mwenye diski moja kuweka katika kompyuta za wenzake nakala pungufu, isiyofaa kitu ila kwa kujiunga naye. Mashine ndogo ya mkononi ya Nintendo DS, iliyotoka mwaka 2004, ilikuwa na michezo ambayo mwenye nao aliwarushia wenzake kwa mawimbi, wakacheza pamoja bila wao kununua. Minecraft hiyo hiyo, ilipotolewa kwa mashine ya Xbox 360 mwaka 2012, iliwawezesha watu hadi wanne kucheza kwa televisheni moja iliyogawanywa. Mwaka 2021 ulitoka mchezo wa watu wawili uitwao It Takes Two, ambao aliyeununua huweza kumwalika mwenzake asiyekuwa nao. Tangu mwaka 2024 duka la Steam huruhusu familia ya watu hadi 6 kuunganisha michezo yao kama kabati la vitabu. Lakini wawili wakitaka kitabu kile kile kwa wakati mmoja, sharti nakala ziwe mbili.

Ukiyatazama hayo yote utaona kwamba mashine yenyewe haina choyo wala ukarimu. Mashine inaweza kunakili mara elfu bila kuchoka. Anayeamua kama mchezo utakuwa sinia au kikombe cha mtu mmoja ni binadamu aliyeandika masharti, naye ana haki ya kuamua hivyo, kwa kuwa kazi ni yake. Nasi tuna haki ya kuchagua.

Kijana mmoja wa idara ya mitambo hapa kazini ndiye aliyenielekeza kwenye Luanti. Programu hiyo ilianzishwa mwaka 2010 na Perttu Ahola wa Finland, na hadi mwaka 2024 ilijulikana kwa jina la Minetest. Inaendelezwa na watu wanaojitolea, na leseni yake inamruhusu mtu yeyote kuitumia, kuinakili na kumpa mwenzake bila malipo. Ndani yake unaweka mchezo uutakao. Sisi tuliweka ule uitwao VoxeLibre, ambao ni wa kunusurika na unafanana sana na ule waliouzoea watoto. Niliupakua mara moja ofisini baada ya kazi, nikauleta nyumbani kwa flashi. Nakala moja ikawa mbili, na zote mbili zikawa halali. Hapakuwa na akaunti wala haja ya bando.

Jumamosi hiyo nilifanya jambo moja kwa kusudi. Nilimwambia kijana kwamba yeye ndiye atakayefungua ulimwengu, na binti ndiye atakayeingia. Kijana akaketi mbele ya kompyuta ya mezani, akaandika jina lake. Ulimwengu ukafunguka. Akasoma kwa sauti tarakimu za anwani ya kompyuta yake, binti akazifuata mojamoja kwenye ile mpakato upande wa pili wa meza. Namba ya mlango, 30000, ilikuwa imekwisha kuandikwa. Binti akabonyeza, kisha kwa utani akasema, "Hodi!"

"Karibu," kijana akajibu.

Alikuwa ameishi nasi karibu mwaka mzima. Nilikuwa nimemsikia akisema "naomba", "asante" na "samahani shangazi" mara zisizohesabika. "Karibu" sikuwa nimeisikia kutoka kinywani mwake ndani ya nyumba ile.

Usiku wa kwanza waliulala shimoni, wameziba mlango kwa udongo. Kesho yake kijana alichagua mahali pa shamba karibu na maji, akamkataza mwenzake kujenga juu ya kilima kwa sababu ya uzuri tu. Kufikia siku ya tatu alikuwa amemtengenezea binti jembe, na mume wangu, aliyekuwa akisoma gazeti pembeni, akacheka akasema wahenga walijua: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Sote tukacheka, na kijana akacheka kuliko sisi, maana safari hii mgeni hakuwa yeye. Katika mchezo ule usiku haukupita upesi mpaka wote wawili walale vitandani. Nilikuwa jikoni nikamsikia akimfokea binti yangu: "Wewe! Njoo ulale, tunakungoja kuche!" Sikuingia kuwaamua. Mtoto anayethubutu kufoka hajioni mgeni.

Sitaki kupaka rangi mambo. Mchezo huu wa bure una wanyama wanaotembea kwa kushtuka-shtuka, na marafiki wa binti shuleni hawaujui. Siku nyingine binti hurudi kwenye Minecraft yake, nayo ni haki yake. Wala haifai kusema kwamba kila kitu kiwe cha bure, maana waliotengeneza michezo nao wana watoto wanaotaka sare. Mwishoni mwa mwaka, tukijaliwa, tutainunua nakala ya pili. Nilipomweleza kijana hivyo, alisema, "Si haraka, shangazi. Tuna ngano haijavunwa."

Wazazi wenzangu, tunapowanunulia watoto wetu vitu vya aina hii, tusiulize bei tu. Tuulize pia: kinachonunuliwa ni kwa matumizi ya nani, mtu mmoja au nyumba nzima? Je, wawili wanaweza kukitumia pamoja, kwa wakati mmoja, bila kuvunja sheria? Na kama haiwezekani, kipo kingine kinachoruhusu? Maswali haya ni muhimu zaidi kwa nyumba zilizopokea watoto wa ndugu, nazo mjini humu si chache. Katika nyumba kama hizo watoto huona nani ana jina lake kwenye kitu na nani hana, hata pale wakubwa wanapodhani kwamba wanacheza tu.