Sauti na Picha Zisipofika Pamoja



Bila shaka umepata kusimama upande mmoja wa bonde ukamtazama mtu wa upande wa pili akikata mti. Shoka lashuka, lagonga mti, wala husikii kitu. Shoka likiisha kuinuliwa tena ndipo mlio wake unapokufikia. Hushangai, maana umeyazoea hayo tangu utoto. Mwanga huenda kasi mno, kilomita 300,000 hivi kwa sekunde moja. Sauti nayo hujikokota hewani mita 340 hivi kwa sekunde. Basi mtu akiwa mbali nawe kilomita moja, mlio wa shoka lake huchukua kama sekunde 3 kukufikia.

Sasa fikiri jambo la kinyume. Unausikia mlio kwanza, kisha ndipo unaliona shoka likishuka. Jambo hilo halijapata kutokea bondeni tangu Mungu alipoiumba dunia. Lakini katika simu na kompyuta hutokea, na sisi wa parokia yetu tulikuwa tukiwaonyesha wagonjwa wetu jambo hilo kila Dominika. Leo nataka tuzungumze habari hiyo: kwa nini sauti na picha huachana katika video, na jinsi ya kuzipatanisha.

Vijana wetu walianza kurusha Misa ya Dominika kwa njia ya intaneti ili wazee na wagonjwa wasioweza kutoka nyumbani waifuate. Twajua sote kwamba kuitazama Misa katika simu si sawa na kuwapo kanisani, na Padre huwapelekea wagonjwa Komunyo nyumbani kama ilivyo desturi. Lakini kwa mtu aliyelala kitandani miezi mingi, kuwaona jirani zake wakisali na kuisikia kwaya ya parokia yake ni faraja kubwa. Yasimuliwa kwamba Mtakatifu Klara wa Assisi alikuwa mgonjwa kitandani usiku wa Noeli wa mwaka 1252, wala hakuweza kwenda kanisani na masista wenzake, lakini alijaliwa kuiona na kuisikia ibada ile kutoka pale alipolala. Ndiyo sababu Papa Pius XII, katika miaka ya 1950, alimweka awe msimamizi wa televisheni. Angalia vema, ndugu msomaji: Mtakatifu Klara alijaliwa kuona na kusikia, yote mawili.

Mimi ni karani wa parokia, na barua zote za ofisi hupita mezani kwangu. Siku moja ilifika barua ya mwalimu wa kwaya, mama mmoja kijana, akiomba kuiacha kazi hiyo. Aliandika kwamba watu wanamcheka. Ndugu zake walioko mjini walikuwa wamemwambia kwamba katika video kwaya yake haimngoji: anainua mkono, na kabla mkono haujashuka waimbaji wamekwisha kuanza. Ati yeye ndiye anayewafuata waimbaji, si waimbaji wanaomfuata yeye! Nami nilikuwa kanisani Dominika zote hizo, nikaona kwa macho yangu kwamba kwaya ilianza sawasawa na mkono wake.

Jioni ile nilikwenda kumwamkia mzee mmoja aliyeifundisha kwaya hiyo hiyo kwa miaka mingi. Siku hizi miguu yake haina nguvu, hatoki nyumbani.

“Shikamoo, Mwalimu.”

“Marahaba, mwanangu. Hebu niambie, hawa watoto wa siku hizi wanaimba bila kuutazama mkono?”

Nikamwuliza amejuaje. Akasema, “Nimewaona katika simu ya mjukuu wangu. Sasa ikifika Misa nailaza simu kifudifudi, nasikiliza tu. Nikitazama, roho inaniuma.”

Basi hapo nikatambua kwamba ubovu wa mashine umefanya mabaya mawili. Umemwaibisha mama asiye na kosa, tena umempunguzia mgonjwa faraja yake.

Aliyetufumbua macho ni kijana wa kidato cha nne, ambaye wazazi wake humgombeza mara kwa mara kwa ajili ya michezo ya kompyuta. Huyu ana mashine ya kuchezea mpira wa miguu. Hurekodi mchezo wake huku akiutangaza mwenyewe, kama watangazaji wa redioni, kisha huwaonyesha wenzake. Nilipomweleza habari ya kwaya alicheka, akasema, “Bwana Karani, hata mimi zamani nilikuwa napiga kelele za goli kabla mpira haujaingia wavuni!”

Kisha akanieleza sababu. Yeye huutazama mchezo katika televisheni, na hapo hapo hutangaza. Sauti yake hupita katika waya wa kipaza sauti na kuingia moja kwa moja katika kompyuta inayorekodi. Lakini picha ya mchezo, kabla ya kuingia katika kompyuta, hupita kwanza katika kijisanduku kidogo kinachoigeuza ipate kueleweka na kompyuta hiyo. Kazi ya kugeuza huchukua muda. Kwa hiyo sauti imepita njia ya mkato, na picha imezunguka. Mtazamaji husikia “Goli!” wakati mpira ungali mguuni mwa mchezaji.

Ndivyo hasa ilivyokuwa kanisani kwetu. Picha ilitoka katika kamera ikapita katika kijisanduku cha namna hiyo. Sauti ilitoka katika mashine ya vipaza sauti vya kanisa, ikafuata waya wake, ikafika mapema. Hakuna aliyeharibu kitu, ila njia zilikuwa mbili, nazo hazikuwa na urefu mmoja.

Sasa, ndugu msomaji, shika neno hili, maana ndilo kiini cha mambo yote: kilichochelewa hakiharakishwi. Picha ambayo bado imo njiani huwezi kuivuta ije. Unaloweza kufanya ni kukizuia kile kilichotangulia, kingoje. Haya, tazama jinsi tulivyofanya.

Kwanza, pima. Usikisie. Mtu asimame mbele ya kamera, karibu na kipaza sauti, apige kofi moja la nguvu, nanyi mrekodi. Watu wa sinema hutumia ubao wenye kijiti cha kugonga juu yake kwa sababu hii hii. Kisha fungueni video hiyo katika programu ya kuhariri, muisogeze picha moja moja. Video ni mfululizo wa picha zilizotulia, mara nyingi 25 au 30 kwa kila sekunde. Tafuteni picha ambayo viganja vimekutana. Halafu tafuteni mahali ambapo mstari wa sauti umeruka juu ghafula. Hesabuni picha zilizo katikati. Sisi tulikuta picha 6, na kamera yetu hutoa picha 30 kwa sekunde. Picha 6 katika 30 ni sehemu ya tano ya sekunde, yaani milisekunde 200, maana milisekunde 1,000 hufanya sekunde moja.

Pili, ngojesha. Sisi hutumia programu ya OBS Studio, ambayo hutolewa bure, na wacheza michezo wengi huitumia. Mahali penye vipimo vya sauti, fungua mipangilio ya ndani zaidi ya sauti. Kila chanzo cha sauti kina kijisanduku chake kilichoandikwa kwa Kiingereza Sync Offset. Humo kijana aliandika 200 kwenye mstari wa sauti ya kanisa. Tangu hapo kompyuta huishika sauti hiyo milisekunde 200, ndipo huiachilia iende pamoja na picha yake.

Tatu, pima tena. Pigeni kofi la pili na la tatu, maana kofi moja laweza kudanganya. Tena mkibadili kamera, kijisanduku au waya, pimeni upya, kwa kuwa njia imebadilika.

Pengine utauliza: Je, sehemu ya tano ya sekunde ni kitu cha kumsumbua mtu? Ndiyo. Umoja wa Kimataifa wa Mawasiliano, ITU, katika mwongozo wake wa mwaka 1998, ulieleza kwamba mtazamaji huanza kutambua kasoro sauti ikiitangulia picha kwa milisekunde 45 hivi. Lakini sauti ikichelewa, hatambui mpaka zifike 125 hivi. Twaelewa sababu tukikumbuka shoka na bonde: sauti inayochelewa tumeizoea, ila inayotangulia ni kitu kigeni masikioni mwetu. Mzee wetu alikuwa akiletewa sauti iliyotangulia kwa milisekunde 200. Haikuwa ajabu kukasirika.

Yako matatizo mengine yanayofanana na hili, lakini dawa zake ni mbalimbali.

La kwanza ni sauti kuchelewa. Ukirekodi kwa simu ukiwa nyuma kabisa ya kanisa, mita 34 kutoka kwenye kwaya, sauti inayofika kwenye simu yako imekwisha kuchelewa milisekunde 100 kwa kusafiri hewani tu. Dawa ni kukisogeza kipaza sauti karibu na waimbaji. Ikiwa sauti bado yachelewa, basi safari hii picha ndiyo ya kungojeshwa, na programu hiyo hiyo yaweza kufanya hivyo.

La pili ni sauti na picha kuanza pamoja, kisha kuachana kidogo kidogo, hata mwisho wa Misa zimekuwa mbali. Hapa namba moja ya kungojesha haisaidii, kwa sababu kasoro yenyewe inakua. Mara nyingi hutokea picha zikirekodiwa kwa simu na sauti kwa mashine nyingine, kila moja ikifuata saa yake. Watu wa sinema waliijua shida ya vyombo viwili tangu zamani. Filamu ya The Jazz Singer, iliyoonyeshwa Marekani mwaka 1927, picha zake zilikuwa katika utepe na sauti katika sahani za santuri. Utepe wa namna hiyo ukikatika na kuungwa kwa kupunguzwa picha chache, tangu hapo midomo na maneno viliachana. Baadaye wakachapa sauti ukingoni mwa utepe ule ule wa picha, zikawa zinasafiri pamoja. Nasi tufuate njia hiyo: picha na sauti ziingie katika kompyuta moja wakati mmoja, na vyombo vyote vipangwe kuchukua sauti kwa kipimo kimoja, kwa mfano vipimo 48,000 kwa sekunde. Tena pigeni kofi mwanzo na kofi mwisho, mjue kama zimeachana njiani.

La tatu limo nyumbani kwa mtazamaji. Spika zisizo na waya, zile za Bluetooth, hupokea sauti iliyofungwa, huifungua, huiweka akiba kidogo, ndipo huitoa. Muda huo waweza kufika milisekunde 100 au 200, hata zaidi. Programu nyingi za video huizuia picha iingoje spika. Mchezo hauwezi kungoja hivyo, maana haujui mchezaji atabonyeza nini. Basi kabla ya kuwalaumu vijana wa kanisani, zima spika hiyo, usikilize kwa simu yenyewe. Zikipatana, kasoro ilikuwa kwako.

La nne si kasoro kabisa. Anayekaa karibu na kanisa husikia kengele dirishani, kisha baada ya sekunde kadhaa, pengine nusu dakika, huisikia tena katika simu. Hapo sauti na picha zimechelewa zote pamoja kwa ajili ya safari ya intaneti. Tuziache, zimekuja zimeshikana mikono.

Dominika iliyofuata nilikwenda tena kwa yule mzee baada ya Misa. Nilikuta simu imesimamishwa mezani, imeegemezwa kwenye kikombe. “Sasa nauona mkono,” akasema. “Huyu mama ana mkono mzuri. Lakini mwambie sauti ya tatu wanaburuta.” Nikapeleka salamu zote mbili, ya sifa na ya lawama. Mwalimu wa kwaya alikuja ofisini siku ya Jumanne, akaomba arudishiwe barua yake. Padre alikuwa bado hajaijibu, nikamrudishia. Sauti ya tatu sasa hufanya mazoezi peke yao siku ya Alhamisi.

Kwa hiyo, ndugu msomaji, ukiiona video ya kwaya, ya harusi au ya mazishi, na watu waliomo waonekana hawajui kazi yao, usiwe mwepesi wa kucheka. Tazama kwanza kama midomo na maneno vinakwenda pamoja. Nanyi wazazi, mtoto akizidisha michezo mkanyeni, ni wajibu wenu. Lakini siku moja mwulizeni pia amejifunza nini humo. Huyu wetu Padre amempa funguo za chumba cha kompyuta, na kila Jumamosi jioni, mafundi wa vipaza sauti wakiisha kufunga nyaya zao, husikika kanisani kofi moja, kisha la pili, kisha la tatu.