Mawese Kwenye Kioo

Mwaka 2004 nilikuwa na miaka 12, na kazi yangu katika uwanja wa mjomba hapa Musinzira ilikuwa vioo. Garaji yake ilikuwa ukuta wa matofali, bati la kusitiri gari moja, na mparachichi uliositiri mengine mawili. Wakubwa walikuwa na injini zao. Mimi nilipewa ndoo, kitambaa, wembe na chupa ya esansi, nikaonywa nisisogee karibu na imbabura ya chai, yaani jiko la mkaa, nikiwa nimeshika chupa hiyo.

Esansi ndiyo petroli; hapa Gitega hata leo ukisema petroli watu wanajua umetoka ng'ambo ya mpaka. Na miaka ile ndiyo ilikuwa dawa ya kila kilichong'ang'ania. Lami kwenye bampa, esansi. Rangi mikononi, esansi. Stika kwenye kioo, esansi na wembe. Hakuna aliyeuliza kama kuna njia nyingine.

Stika zilikuwa nyingi. Vita vilikuwa vinaelekea ukingoni, kikosi cha Umoja wa Mataifa, ONUB, kilikuwa kimeanza kazi mwezi Juni mwaka huohuo, na magari meupe ya mashirika yalikuwa yakipita barabarani kutwa. Gari la shirika ulilijua kwa mbali: nembo mlangoni, na kwenye kioo picha ya bunduki iliyokatwa kwa mstari mwekundu, yaani humu silaha haziingii. Gari likichoka linauzwa, na aliyelinunua alitaka alama zote zitoke kabla hajalipeleka nyumbani kwake. Nilimwelewa. Mwaka ule gari lenye alama isiyo yako lilikuwa jambo la kuelezwa mbele ya kila kizuizi cha barabarani.

Mlangoni hatukuweza kumsaidia sana. Nembo ikibanduliwa, rangi iliyokuwa chini yake ilikuwa bado mpya, na ile ya pembeni ilikuwa imeliwa na jua, kwa hiyo umbo la nembo lilibaki pale pale likionekana. Lakini kioo hakiliwi na jua. Kioo kinaweza kurudi kilivyokuwa, na nadhani ndiyo maana nilikipenda mapema.

Tuliifanya kazi hivi: kitambaa kinaloweshwa esansi, kinakandamizwa juu ya stika, unahesabu hadi mia, kisha wembe unapita chini yake. Gundi ililainika upesi, kweli, lakini ililainika na kusambaa. Ikawa ute mweusi uliotanda kioo kizima, na ule ute nao ukadai esansi nyingine na kitambaa kingine. Jioni kichwa kiliuma. Ngozi ya vidole ilipauka na kupasuka kwenye viungo, na mama alinipaka mafuta ya karanga usiku bila kusema neno. Ningekuwa na akili ningeona tangu hapo.

Kisa kilichonifundisha kuogopa wembe kilitokea miaka mitatu baadaye. Mwalimu mmoja alileta Carina yake, kioo cha nyuma kimejaa stika za aliyekuwa na gari kabla yake. Nilikuwa nimeshakuwa na mkono mwepesi na nilijivunia. Nikaziondoa zote kabla ya adhuhuri, kioo kikawaka.

Kioo cha nyuma kina ile mistari myembamba ya kahawia inayopita upande hadi upande, kwa ndani. Imechorwa kwa uji wenye madini ya fedha na kuchomwa pamoja na kioo, nayo ni njia za umeme: ukibonyeza swichi inapata joto na kufuta mvuke. Kila mstari unabeba umeme wake, hivyo mmoja ukikatika mingine inaendelea na kazi. Gitega tuko kwenye mwinuko wa mita 1,500 na ushee, na asubuhi za Juni na Julai vioo vinalia machozi. Mistari hii hapa ina kazi.

Mwalimu alirudi asubuhi moja ya Julai, kabla jua halijapanda. Hakugomba. Alimwomba mjomba aketi ndani, akabonyeza swichi. Mjomba akaniita niketi kiti cha nyuma nitazame. Mvuke ulianza kufutika kando ya mistari, ukafutika juu, ukafutika chini, na katikati ukabaki ukanda mmoja mweupe, upana wa vidole viwili, kutoka mwanzo wa kioo hadi mwisho. Wembe wangu ulikuwa umepita pale.

Mjomba alimwomba radhi mbele yangu na kumrudishia pesa yake. Mimi aliniambia sentensi moja tu, tukiwa tunafunga lango: "Mwanangu, wembe hauna macho." Nilitumia wembe miaka mingi baada ya hapo, lakini kioo cha nyuma sikuugusisha tena.

Mwaka huo wa 2007 ndipo Burundi ilipoingia Jumuiya ya Afrika Mashariki, na taratibu magari yakabadilika. Peugeot za zamani ziliisha moja baada ya nyingine. Yakaja ya Japani, usukani kulia ingawa sisi tunaendesha kulia mwa barabara, yakipitia bandari ya Dar es Salaam. Yaliletwa na madereva kwa njia ya Morogoro, Dodoma, Singida, Nzega, Kahama, Nyakanazi, Ngara, hadi Kabanga, wakavuka Kobero na kushukia Muyinga. Tanzania wanayaita magari ya IT, yaani yako safarini. Mengi yalitufikia na utepe wa gundi ulioshikia karatasi ya safari kwenye kioo cha mbele, umeiva kwa jua la njia nzima.

Mimi nilienda Muyinga mara nyingi kuyapokea, kwa sababu shangazi yangu ameolewa huko na nilikuwa na pa kulala. Barabara inayopitia Karuzi ni ya lami, ukitoka alfajiri unafika mapema. Ni huko nilikoanza kutazama vibandiko vya Kijapani kwa makini. Karibu kila Probox ilikuwa na kimoja kwenye kioo cha nyuma, cha duara, kijani au buluu, chenye nyota nne na maandishi tusiyoyajua. Vijana wa Muyinga walisema ni daraja la gari, kama hoteli. Baadaye nilimpata mtu aliyesoma Kijapani akanifungulia: nyota zile zilisema kwamba moshi wa gari una sumu pungufu kwa asilimia 75 kuliko kiwango kilichowekwa mwaka wa 17 wa Heisei, ambao ni 2005. Wenzetu huhesabu miaka kwa enzi ya mfalme wao. Nilifurahi sana siku ile. Nilikuwa nimekwangua mamia ya barua bila kujua zimeandikwa nini.

Na hapo kazi yangu ikapata mgeuko nisioutegemea. Wenye magari walianza kunikataza. "Hiyo ya nyota iache, kijana." Kibandiko cha Japani kilikuwa ushahidi kwamba gari limetoka merikebuni juzi, halijapigwa na barabara za kwetu, na bei yake ni ya gari jipya machoni mwa mnunuzi. Niliona gari limekaa hapa miaka sita, limepakwa rangi upya, limebadilishwa viti, na kibandiko cha nyota bado kinatunzwa, kinafutwa vumbi kwa ncha ya kitambaa. Kilichotakiwa kutoka ni cha hapahapa: tangazo la duka lililofungwa, picha ya mgombea baada ya uchaguzi, karatasi ya bima ya mwaka juzi chini ya ya mwaka jana chini ya ya mwaka huu.

Sasa nirudi kwa shangazi. Kabla ya Muyinga alikaa Rumonge, kwenye michikichi, na hajawahi kupika bila mawese. Msimu mmoja jirani alimletea fenesi kubwa kutoka upande wa Kagera. Alilitandikia majani ya mgomba, akachovya vidole kwenye kikombe cha mawese, akapaka kisu pande zote mbili, akapaka mikono hadi vifundoni, ndipo akapasua. Ulimbo ulichuruzika mweupe juu ya kisu na haukushika. Mimi niliyejifanya mwanamume nikakataa mafuta, nikachambua kokwa kwa mikono mikavu. Vidole vikagandana. Nikaomba esansi kwa dereva mmoja aliyekuwa nje. Shangazi akacheka, akanishika mkono, akaumwagia mawese, akasugua kwa kidole gumba, polepole, na ulimbo ukajikunja vijiviringo vidogo vyeusi na kudondoka. "Cha mafuta hutolewa kwa mafuta," alisema. "Maji ni ya mwisho." Nililamba vidole, nikala fenesi langu, na sikufikiria kioo hata kidogo.

Esansi ndiyo iliyonikumbusha, kwa kukosekana. Kuanzia 2022 foleni kwenye vituo zikawa ndefu, kisha zikawa za kulala. Gitega tulikuwa tumeshafanywa mji mkuu wa kisiasa tangu mwanzo wa 2019, magari yalikuwa yameongezeka, na yote yakasimama. Watu waliacha gari kwenye mstari usiku kucha wakamwachia mtoto blanketi. Chupa ya esansi iliyokuwa ikikaa dirishani mwa garaji, ile ya kusafishia, mjomba aliihamishia ndani chumbani kwake. Kumwaga kifuniko kimoja kwenye kitambaa kukawa kama kumwaga unga wa mtoto. Na nisikilize vizuri jambo hili, kwa maana hata mimi lilinichukua muda kuliona: gari lililosimama miezi chini ya jua linapikwa. Stika ambayo ingetoka kwa dakika tano inakauka, plastiki yake inakatika kama ganda la yai, na gundi inabaki kwenye kioo imekuwa kahawia, ngumu kama nta ya nyuki ya zamani. Uhaba ule ule ulioninyang'anya dawa ulikuwa unazidisha ugonjwa.

Siku moja nimekaa mbele ya kioo cha nyuma cha Probox ya namna hiyo, mke wa mjomba akikaanga samaki wa Ziwa Tanganyika uani, harufu ya mawese ikanifikia. Nikaamka nikaomba kikombe.

Jaribio la kwanza lilishindwa, kwa sababu ilikuwa asubuhi. Mawese kwa baridi ya Gitega yanaganda, yanakuwa uji mwekundu, na juu ya kioo baridi yanakaa tu kama rangi. Nikangoja. Saa sita nikasogeza gari juani hadi kioo kikawa vuguvugu kwa kiganja, nikayeyusha mawese ndani ya kopo la maziwa juu ya imbabura (jambo nisilothubutu enzi za esansi), nikayapaka kwa kitambaa, nikafunika kwa kipande cha mfuko wa nailoni yasitiririke. Nikaenda kuswali adhuhuri. Nikala. Nikarudi.

Niliweka kidole gumba pembeni mwa gundi na kusukuma. Haikutapakaa. Ilisogea nzima, ikajikunja, ikawa kijiviringo cheusi chini ya kidole, kile kile cha fenesi la Muyinga. Nikachukua kadi ya zamani ya plastiki, nikaipitisha kwa ulalo, na gundi ikaja mbele ya kadi kama theluji ya kwenye picha, ila nyeusi. Mistari ya umeme ilipita chini ya kadi bila kukwaruzwa hata mmoja. Nikaosha kwa sabuni na maji ya moto mara mbili, maana mawese yanaacha utando mwekundu, na mwisho nikasugua kwa majivu laini yaliyochekechwa kupitia kitambaa.

Sasa ndivyo tunavyofanya, mimi na vijana wawili ninaowafundisha. Mafuta ya karanga ni bora zaidi kwa sababu hayagandi, lakini ni ghali, kwa hiyo tunayaweka kwa kazi za asubuhi. Stika iliyokauka kabisa tunaikwaruza kwanza juu kwa kadi ili mafuta yapate njia ya kupita, kwa sababu plastiki haiyanywi. Iliyo nzima hatuianzi kwa mafuta: tunaipasha kwa jua au kwa taulo lenye maji moto, kisha tunaivuta ikilala karibu na kioo, polepole mno, na mara nyingi inaondoka na gundi yake yote. Vijana wanataka kuivuta kwa nguvu kuelekea kifuani. Ninawashika mkono. Kazi ya saa moja imekuwa ya nusu siku, na wapo wateja walioondoka kwa sababu hiyo. Mikono yangu imepona.

Mjomba sasa hafanyi kazi tena, lakini gari haliondoki uwanjani kabla hajaliona. Macho yake hayaoni vizuri. Hugusa kioo kwa mgongo wa kucha, akisikiliza, kisha huinama na kukipulizia pumzi kinywa kikiwa wazi, kwa sababu gundi iliyobaki, hata ile isiyoonekana kwa jicho zima, huacha umbo la stika ndani ya mvuke. Wiki iliyopita lilikuwa gari lililobeba karatasi tisa za bima mahali pamoja. Aliinama, akapuliza. Mvuke ukaenea sawasawa kioo kizima, haukuacha mraba wala pembe, ukaanza kufutika kutoka pembezoni kuja katikati. Akapuliza tena mahali pengine, akangoja uishe.

"Mpigie mwenyewe aje," akasema.