Uzi wa Mama

Mama hakuutazama mtumba rangi kwanza. Aliigeuza sweta ndani nje, akapitisha kidole gumba ubavuni, kutoka kwapani mpaka kwenye pindo, na hapo alikuwa ameshajua. Ukingo uliofumwa ukaisha wenyewe, wenye vitanzi vidogo vidogo kama mnyororo, ni wa sweta itakayofumuka. Uzi utatoka mmoja, mrefu, mpaka kipande chote kiishie mikononi. Ukingo uliokatwa kwa mkasi na kuzibwa kwa mashine ni hasara, kwa sababu kila mstari umekatika na utaambulia vipande vya urefu wa mkono. "Hii imekatwa," alisema, akairudisha kwenye turubai. Wauza mitumba wa sokoni Tukuyu walimzoea. Walimwita Mama Mwalimu, nao walijua kwamba hanunui nguo, ananunua uzi.

Alifundisha shule za msingi za Rungwe, na somo alilolipenda kuliko yote lilikuwa sayansi kimu. Alianza kazi miaka michache baada ya 1967, wakati Elimu ya Kujitegemea ilipotaka kila shule iwe na kazi ya mikono. Katika wilaya ya chai, kahawa na migomba, shule nyingi zililisikia agizo hilo kama jembe. Mama alilisikia kama sindano. Tukuyu iko kama mita 1,500 juu ya usawa wa bahari. Mawingu hupanda kutoka Ziwa Nyasa, yakagota Mlima Rungwe, na mvua ikanyesha karibu mwaka mzima. Mtoto aliyefika darasani na shati moja lililolowa alikaa saa mbili za kwanza akitetemeka, mikono kapachika mapajani. Mama alisema mtoto huyo hajakataa hesabu, amekataa baridi.

Lakini ufundi wake wa kwanza haukuwa sufu. Bibi mzaa mama alitoka bondeni, upande wa Kyela, na ndiye aliyemfundisha kusuka ukindu. Nimeona kazi hiyo tangu sijaanza shule. Mafurushi ya ukindu yalipanda kwa basi kutoka Kyela, yakafika yananuka majani makavu na dagaa wa jirani yake kwenye keria. Mama aliyachana kwa ukucha, akayachemsha na rangi ya unga ya dukani, zambarau, kijani na nyekundu, akayaanika chini ya upenu kwa sababu jua la kuaminika hatukuwa nalo. Jioni, chungu cha mbalaga, ndizi za kupika, kikiwa jikoni, alisuka ukili huku anasahihisha madaftari. Macho kwenye daftari, vidole vikijiendea. Ukili ukifika pima kadhaa aliuviringisha kama gurudumu akautia uvunguni. Magurudumu yakitosha, aliunganisha mkeka.

Shuleni wasichana aliwafundisha kufuma, na wavulana hakuwaacha. Alimwomba mzee mmoja wa kijiji aje na mianzi yake, akae chini ya mti shuleni awafundishe kusuka matenga. Mzee alishangaa kuitwa mwalimu. Mama alimjibu kwamba Mskoti Joseph Thomson alipopita nchi ya Wanyakyusa mwaka 1879 alisifu sana vijiji na nyumba zao, na nyumba hizo zilijengwa kwa mianzi na watu ambao shule hawakuijua. Mzee alikuja kila Ijumaa, mvua au isiwe mvua.

Kisha ikaja miaka ya dhiki. Baada ya vita vya Kagera maduka yalikauka. Sabuni kwa foleni, sukari kwa foleni, na uzi wa sufu haukuwepo hata kwa foleni. Hapo ndipo alipoanza kufumua. Alifumua sweta yake ya harusi kwanza, nami nililia kwa sababu niliipenda. Uzi uliofumuliwa hutoka umejikunja kama nywele. Aliuzungusha kwenye miguu ya kigoda kilichopinduliwa, akaufunga sehemu nne, akauosha, akautundika na jiwe chini yake ili unyooke. Upenuni kwetu yalining'inia mawe kama matunda. Biashara ilipofunguliwa katikati ya miaka ya 1980 na mitumba ikajaa, wanawake wengine waliacha kufuma, maana sweta ya Ulaya ilikuwa rahisi kuliko uzi wake. Yeye aliona ghala limefunguliwa. Mwaka 1986, timu ya soka ya Tukuyu Stars ilipotwaa ubingwa wa Tanzania, vijana walipanga mstari mlangoni wakitaka kofia.

Ni katika miaka hiyo alipofanya jambo ambalo kwangu ndilo linalomfanya msanii, ingawa neno hilo hakuna aliyemwita nalo. Alitaka mishale ya mkeka wa bibi ikae kifuani mwa sweta. Ukili huenda mshazari. Sindano huenda mlalo. Alichora mishale kwenye daftari la hesabu, mraba mmoja kitanzi kimoja, akafuma, mishale ikatoka mifupi, imebonyea. Alifumua. Wiki nzima niliamka usiku nikaona taa ya chemli inawaka. Mwishowe aligundua kwamba kitanzi kina upana mkubwa kuliko kimo, kwa hiyo mchoro unapaswa kurefushwa kwenye karatasi ili unyooke kwenye nguo. Asubuhi aliingia darasa la sita na sweta hiyo, akawapa watoto swali la uwiano kutoka kifuani mwake.

Mkaguzi mmoja aliwahi kuandika kwamba kufuma kunakula muda wa mitihani. Mama hakubishana naye. Mimi bado naumia nikikumbuka, kwa sababu wasichana wawili wa darasa lile walijilipia ada ya sekondari kwa masweta.

Alistaafu, wasichana wakaendelea kuja upenuni mchana baada ya shule. Macho yalipofifia alifundisha kwa kushika vidole vyao. Mwaka wake wa mwisho nilimpelekea kutoka Mbeya sweta ya kijani, sufu nzito, nzuri, niliyoichagua kwa saa nzima. Aliipakata, akaigeuza ndani nje, akapitisha kidole gumba ubavuni. Akakaa kimya kidogo.

"Ndaga, mwanangu," alishukuru. "Hii itafumuka."

Akaniomba nimlete kigoda.